Mkeka Nje kwa Mama Fuatino

Sieni mwanangu,

Hapa Brisbane mvua haijakatika. Jumamosi tulipiga magoti nje kwa mama mkwe wako, Mama Fuatino, tumejifunika mkeka mwororo, tukiomba radhi kwa kuwa ulimuua mwanawe, kama tufanyavyo Wasamoa. Wakili wako aliposikia alifoka: "Bibi, mmemponza. Korti itasema mmekiri kwamba hakuwa akijitetea."

Lakini siku ile Mama Fuatino aliufunua mkeka, ishara ya kutusamehe, akaninong'oneza: "Nyanyuka, dada. Kila mwanangu alipompiga Sieni, mimi niliongeza sauti ya redio."

"Utayasema hayo kortini?"

"Nimseme mwanangu kaburini?"

Jumatatu nitampitia kwa teksi kabla ya kesi. Ukiniona naingia peke yangu, yaseme mwenyewe hayo ya kipigo, usimsitiri tena mumeo.

Shangazi yako asiyetulia,
Litara