Ruta Yetu Imebadilishwa Mmiliki

Usijifanye huoni. Jana shemeji yako, mpangaji mwenzetu, alinong'onezana na mwenye nyumba, ukageukia ukuta.

Niko chini ya ngazi kwenye ruta ya intaneti tuliyochangia wapangaji wote. Mtandao umekatika, nikachomeka kebo ya konsoli, ile ya kuingilia mipangilio yake, kwenye USB ya laptop nione kulikoni.

Kwenye ujumbe unaotokea kabla ya nenosiri, mimi mwenyewe niliandika "Ya wapangaji wote". Sasa skrini inasema "Mali ya mwenye nyumba". MALI YA MWENYE NYUMBA!

Nenosiri limebadilishwa. La zamani tulilijua wawili tu, mimi na shemeji yako.

Nimempigia. Eti, "Kaka, usikuze mambo. Mwenye nyumba kanipa chumba cha juu, chenye roshani."

Roshani! Mimi niliyelala mlangoni kwake mwaka ule asifukuzwe na mwenye nyumba huyohuyo!

Anapandisha godoro sasa hivi. Toka, mzuie hapo juu kwenye ngazi, atoe nenosiri jipya; mimi bado niko chini na kebo.