Kofia ya Saidi Kinyozi

Jumatatu, 4 Oktoba
Nakata na kuunga filamu tangu asubuhi. Mkasi butu, gundi inaishia. Msimbazi yote iko mezani kwangu: mafundi baiskeli, mama ntilie, jirani yangu Saidi kinyozi. Saidi anacheka mpaka kofia inataka kumtoka. Alikuwa ananicheka mimi. Nilirudi nyuma na kamera, nikakalia beseni la samaki.
Sina mwajiri. Zamani nilijisifia hilo.

Alhamisi, 7
Msako Kariakoo. Asiye na kitambulisho cha kazi ni mzururaji, anapelekwa kijijini akalime. Nimelipiga picha lori. Saidi yumo, kichwa wazi, kanuna. Hakunitazama. Afadhali.
Askari waliona kamera wakadhani nimetumwa na serikali. Sikuwasahihisha.

Jumatano, 13
Filamu husafishwa kwenye idara ya filamu ya serikali tu, na idarani huiangalia kwanza. Mkuu wa idara kaipenda. Kasoro moja.
"Ndugu, huyu mbona kanuna? Kule nyuma si anacheka? Kicheko kile kiunge hapa kwenye lori."
Nikamwambia kicheko kile ni cha beseni.
"Kitambulisho chako kiko wapi, ndugu?" Kwa upole kabisa.
Naogopa. Naandika hivyo nisije nikajidanganya baadaye.

Alhamisi, 14
Nimeunga. Saidi yuko kwenye lori, kichwa wazi. Mara anacheka, kofia kichwani. Mara kichwa wazi tena. Ningeweza kuchagua kipande cha uso peke yake. Nimeiacha kofia kusudi. Mwenye macho ataona. Ushujaa wangu wote ndio huo, unaenea kichwani.

Jumamosi, 23
Sinema imeonyeshwa Jangwani. Watu wamepiga makofi. Saidi alipocheka, wakacheka naye. Hakuna aliyeona.
Nimepewa kitambulisho: mpiga picha wa idara. Kwenye picha yake nimenuna. Hiyo hawakutaka irekebishwe.

Jumapili, 24
Mwanahamisi, mke wa Saidi, kaja. Hakuingia ndani. Mkononi ana kofia.
"Shemeji, siku ile aliiacha nyumbani. Sasa kwenye lori kaivaa ipi?"
Nikamweleza. Beseni, mkuu, kitambulisho. Alisikiliza mpaka mwisho.
"Basi kaa nayo wewe. Si wewe unayemvisha?"

Jumapili, 31
Kofia nimeitundika msumarini, juu ya meza ya kukatia.
Kesho naenda kupiga picha lori jingine. Nimeambiwa nianze na wanaocheka.
Nywele zimefika masikioni. Sijui wapi pa kunyoa.