Nyota Moja Imesogea

Hakuja mtu kwenye mhadhara wangu wa nyota. Nakwambia hakuja hata mtu mmoja! Hata dada, aliyeniapia jana.

Nimepanga viti vyote vya maktaba, nikasimama mbele yavyo kama bwana harusi aliyekimbiwa.

Akaingia mama wa usafi kuvikusanya. "Endelea tu mwanangu, nakusikia." Basi nikaendelea, naye anabeba viti. Nikamwonyesha ukutani picha zetu mbili za anga, ile tuliyopiga juu ya paa la kwenu kabla hujahama, na ya mwaka huu. Nikazibadilisha harakaharaka: hii, ile, hii, ile. Nyota moja tu inaruka.

Kikabaki kiti kimoja. Akakikalia.

"Na hizi nyingine zimegoma?"

"Nazo zinakwenda, mama. Ila ziko mbali mno, mwendo wake hatuuoni. Ndiyo maana tunapimia kwazo mwendo wa hii ya karibu."

"Kumbe! Nami nilidhani hazina habari na mwenzao."

Kumbe. Akasema hivyo, akaondoka na kiti.

Nimekaa sakafuni nakuandikia. Tangu uhame hujanijibu hata mara moja, nami nilishakata tamaa. Sasa sijui. Umenisahau, au uko mbali tu?

Niambie.