Mkwaruzo wa Santuri ya Mzee Haule

Dada Zuhura,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute mzima hapo Nakapanya, wewe na shemeji na watoto, na mama mgongo uwe umemwachia. Mimi mzima, alhamdulillahi. Baridi ya Songea imening'arisha, ukiniona utaniamkia wewe. Naandika kwa sababu kwenye simu nikianza tu kusimulia unasema salio linaisha.

Baba alisema kama mikorosho itaanza kupuliziwa dawa na mimi bado nabeba ngoma za watu, sina tarumbeta, nirudi nikashike pampu. Basi msomee hii, kwa sauti.

Kiongozi wa bendi yetu ya harusi ni Mzee Haule. Kuna wimbo mmoja wa dansi, mkubwa kwake kwa umri, wa Marekani, wa enzi zile bendi zao wapulizaji wamejipanga kama wanafunzi mstarini. Marehemu baba yake alikuwa na santuri yake, na bendi ilijifunzia humo. Hapa Songea harusi isiyopigwa wimbo huo watu hawaondoki. Mzee akaniazima tarumbeta, akaniambia nikiuweza wimbo huo, ni langu.

Mwenzangu wa kubeba ngoma akautafuta mtandaoni, akaniwekea kwenye flashi kila ulivyorekodiwa. Dada, nilikaa mdomo wazi. Wa kwanza hauna maneno, ni vyombo vinakimbizana. Bendi nyingine ikaupunguza mwendo, mama mmoja akautia maneno, ukawa wa kulia. Afrika Kusini wakaupiga kwa filimbi, Wakongo kwa magitaa na Kilingala, na bado ni uleule. Watu hawajaonana hata siku moja, lakini wanaupokezana kama mtoto mchanga, kila mmoja anambeba kivyake.

Ila pale katikati bendi yetu inarudia kipande kidogo mara tatu, na kwenye flashi hakuna anayerudia. Nikaenda kusikiliza santuri ya mzee. Ina mkwaruzo, sindano ikifika pale inaruka nyuma mara mbili ndipo ipite. Bendi nzima ilijifunza mkwaruzo. Mimi niliyeishia kidato cha pili nimewakamata wazee. Sikumwambia mtu, nikajisemea Jumamosi, kwenye harusi ya mtaa wa Bombambili, nitawaonyesha wimbo wenyewe.

Nikapuliza kama Wamarekani, nikapita pale moja kwa moja. Kumbe pale ndipo ukumbi mzima unapoinua mguu na kukanyaga mara tatu. Miguu ikabaki hewani. Shangazi wa bibi harusi, mwili kama gunia la korosho, akaanguka juu ya mshenga. Akainuka, akanifuata.

"Kijana, umekula kipande chetu. Kirudishe."

Mzee Haule hakunitazama. Akainua kidole, tukaanza upya. Safari hii nikakirudia, na ukumbi ukakanyaga. Dada, sakafu ilinipanda mpaka kwenye meno. Wazee, watoto, wapishi na miiko yao mkononi, wote mguu mmoja. Na mimi nilidhani naujua wimbo.

Tulipotoka nilijua nimefukuzwa. Nikamweleza mzee yote, nikamsikilizisha flashi, mmoja baada ya mwingine. Kumbe hakujua. Alidhani dunia nzima inarudia pale. Akacheka mpaka akafuta macho.

"Baba yangu alicheza mkwaruzo maisha yake yote," akasema. "Basi na sisi tutaurekodi, ulivyo. Pale utapuliza wewe, maana ni wewe peke yako unayejua ni kosa."

Tumerekodi juzi, kwenye studio ya vijana hapa mjini, magodoro ukutani. Flashi nimempa kondakta wa basi la Tunduru, sisi tuko wa mwisho, baada ya Wakongo. Sikilizeni kwa mpangilio. Wote wanapita pale, tunakuja sisi, tunasimama, mara tatu.

Mbusu mama. Msalimie bibi, na shemeji fundi baiskeli, na mjomba muuza mawe ya vito ambaye haamini mtu. Na baba mwambie kwa adabu atafute mwingine wa pampu.

Ni mimi mdogo wako, mpiga tarumbeta,
Rashidi