Pazia la Kijani la Nkirote

Nasima, uko? Mwenzangu, nakuandikia kwa kujificha.

Si unamjua Nkirote wa Oakdale, anayetengeneza filamu za watu wazima na wanawake wenzake? Sheria yake ni moja: mwanamke akisema basi, filamu yake inafutwa akiona.

Leo tukiwa wanne studioni kwake, Serah, mmoja wa waigizaji wake, kasema basi. Nkirote hakuuliza kwa nini, akaifuta palepale. Serah akalia kwa furaha.

Hata viatu hajavaa, simu ikaita. Mjomba wake wa Maple Grove, sauti tunaisikia sote.

"Serah, lile pazia la kijani ni la nyumba ya nani?"

Pazia la kijani, Nasima! Lile la kwenye filamu!

Nkirote akafunga mlango kwa ufunguo, akatutazama mmoja mmoja. Filamu hiyo tumeiona wanawake wanne tu.

Bado tuko humu ndani.