Jani la Sale Nililolifanyia Mzaha

Jumamosi, magharibi. Hapa Rau kuna manyunyu, na mlima umejifunika tangu asubuhi kama bibi harusi aliyegoma kutoka chumbani. Leo namwelewa.

Nilipoingia ndani, Mama Glory aliniuliza kama safari ilikuwa nzuri. Nikasema ilikuwa nzuri. Akaniangalia viatu, akaniangalia uso, akarudi jikoni. Mwanamke niliyekaa naye ndoa yote hii hahitaji maelezo yangu, anasoma matope.

Basi ngoja niandike hapa, mahali ambapo hakuna anayeniangalia uso.

Aika ni binti wa kaka yangu Aloyce, na kazi yake ni kuongoza watalii. Siku zote amekuwa akiwapeleka wageni Marangu, kwenye maporomoko na mapango ambayo kila mtu anayajua. Sasa ameanzisha safari yake mwenyewe ya siku moja, kwenda kwenye magofu ambayo hata sisi Warombo wengi hatujawahi kuyaona: ngome ya mawe ya zamani, juu huko kupita mji wa Mkuu, na chini yake mahandaki ambamo wazee wetu walificha watoto na ng'ombe vita vilipopamba moto. Leo ilikuwa safari ya majaribio. Alinipigia simu katikati ya wiki: "Baba mdogo, njoo unisaidie kuchekesha wageni. Kazi hiyo unaiweza kuliko hata kazi yako."

Hakuniambia kwamba baba yake naye anakuja.

Niseme kidogo kuhusu kaka, la sivyo mtaona nalilia jani bure. Mimi na kaka Aloyce hatujawahi kugombana kwa sauti. Mama alipofariki nilikuwa Songea kikazi. Nilipanda basi siku ile ile, likaharibika njiani, nikapiga simu nikasema jamani nisubirini, nakuja. Hawakunisubiri. Kaka, kwa kuwa ndiye mkubwa, ndiye aliyesema mazishi yaendelee. Nilifika nikakuta watu wameshaweka mashada, na wengine wana sahani mikononi. Mama yangu alishafukiwa.

Tangu siku hiyo tunasalimiana tu. Shikamoo kaka. Marahaba, hamjambo huko mjini? Hatujambo. Krismasi naenda nyumbani kama Mchagga yeyote mwenye akili, nakula nyama yangu, nachekesha watoto, narudi. Hajawahi kusema chochote kuhusu siku ile, nami sijawahi kumuuliza. Nilikuwa nangoja neno moja tu kutoka kwake. Moja. Nimelingoja hadi nikazoea kulingoja.

Asubuhi tulimpitia kaka pale Mkuu. Alikuwa amesimama kando ya barabara na koti lake la kanisani, mkono mmoja ndani ya koti. Akakaa mbele na dereva. Mkono haukutoka. Mimi nyuma, nikiwa tayari nimeshapata hadhira, nikamwambia, "Kaka, umebeba mayai humo? Mwambie dereva apunguze mwendo." Gari zima likacheka. Naye alicheka kidogo, bila kugeuka.

Hadhira yenyewe: mume na mke Waholanzi, wastaafu, watu wapole wenye kofia pana, na walimu wawili wa kike kutoka Kahe ambao Aika aliwapa nafasi ili waje kuwaleta wanafunzi wao baadaye. Walimu wale wanacheka haraka. Kwa mtu wa aina yangu, hiyo ni hatari kubwa kuliko utelezi.

Na utelezi ulikuwepo. Njia inapita katikati ya vihamba, migomba pande zote, halafu inaingia korongoni. Nilianguka mara moja nikajifanya nimechuchumaa kuangalia mawe. Aika akasema, "Wageni wetu, hapa baba mdogo anawaonyesha mawe ya kale." Nilistahili.

Lakini ngome ile, jamani. Ukuta umesimama hadi kifuani, mawe yamepangana bila tone la saruji, na sehemu nyingine mti umeota juu yake na kuyabana kwa mizizi. Yule mama Mholanzi alitoa simu akatuonyesha picha za mahekalu ya kale ya Wakhmer, huko Kambodia, walikokwenda na mumewe. Siyo yale maarufu, alisema, ni yale ya porini ambayo watu hawaendi. Mizizi minene kama mapaja imekumbatia kuta. Alisema mizizi hiyo ndiyo inayobomoa, na ukiikata ukuta wote unaanguka. Nikasema sisi kwetu kitu hicho tunakiita shemeji. Aika akakataa kutafsiri.

Ikafika sehemu ya sale.

Kwa asiyejua: sale ni mmea wetu wa majani marefu, tunaupanda mipakani na makaburini. Mtu aliyemkosea mwenzake hukunja fundo kwenye jani lake, akampelekea kwa mikono miwili. Anayepelekewa hawezi kukataa. Ugomvi hata uwe wa damu, sale likishafika, umekwisha. Hakuna Mchagga asiyejua hilo, hata mimi niliyeharibiwa na mji.

Aika alitaka wageni waone kwa macho. Akakata jani pale penye ukuta, akalifunga fundo, akanichagua mimi niwe mtu aliyekosewa. Akapiga goti, akaninyooshea. Mimi nikageuza uso. "Na mbuzi je?" nikamuuliza. "Msamaha gani mkavu hivi, bila hata pipa la mbege?" Walimu wa Kahe wakashikana mabega kwa kicheko. Nikamzungusha Aika mara tatu, kila mara naongeza madai, mpaka akasema, "Baba mdogo, pokea, watu wana njaa!" Nikapokea kwa madaha. Wageni wakapiga makofi. Aika akawaeleza kwamba kwa kweli sale halizungushwi hivyo, huyu mzee ni mchekeshaji tu.

Tulikula chakula tulichobeba, kiburu cha ndizi na maharage, kimepoa lakini kitamu, kisha wengine wakaenda kuchungulia handaki. Mimi nikabaki nimekaa juu ya jiwe, naongea na walimu.

Hapo ndipo kaka alipokuja.

Alisimama mbele yangu. Mkono ulikuwa umetoka ndani ya koti, na wa pili umeungana nao, na katikati kulikuwa na jani la sale lenye fundo. Alikuwa ameinamisha kichwa kidogo, huyu mtu aliyenifundisha kufunga kamba za viatu.

Nami nikafikiri igizo linaendelea.

Nikamwangalia, nikawaangalia walimu, nikaona nyuso zao ziko tayari kucheka. Nikalichukua jani kwa vidole viwili. Lilikuwa limelegea, limeninginia kama mkia wa mbuzi mgonjwa. Nikasema, kwa sauti, "Kaka, hata jani lenyewe limechoka! Hebu nenda kanitafutie bichi, uje nalo na mbuzi!" Kisha nikalichomeka kwenye kofia yangu kama unyoya, nikasimama juu ya jiwe, nikawa mangi, mtawala wa ngome. Mwalimu mmoja akanipiga picha.

Kaka alicheka pia. Nalikumbuka vizuri cheko lile kwa sababu lilikuja likiwa limechelewa. Akasema, "Haya, Mangi." Akajifuta mikono kwenye koti na kwenda kuangalia ukuta.

Sijui jani lile liliponidondoka. Nadhani ni kwenye utelezi, tukiteremka.

Kurudi, alikaa mbele tena. Aliposhuka pale Mkuu akasema, "Msalimie Mama Glory," na mimi nikasema, "Zimefika," nikiwa katikati ya hadithi nyingine. Gari likaondoka. Tulipopita Mwika wageni walikuwa wameshasinzia, na Aika akahama kiti akaja kukaa karibu yangu. Nilidhani anataka kunishukuru.

"Baba mdogo," akasema polepole, "lile jani la baba hakulikata kule juu."

Nikamuuliza alilikata wapi basi.

"Kaburini kwa bibi. Asubuhi, kabla hatujampitia. Mimi ndiye niliyemwambia leo utakuwepo."

Niliangalia dirishani na migomba ikawa inapita. Alisema baba yake amekuwa akitaka kufanya hivyo tangu mwaka jana, ila alikuwa anaona aibu kwamba mkubwa anampelekea mdogo sale. Alipoona igizo akaona afadhali, hapa hapa, wakati watu wamechangamka, itakuwa rahisi.

Alichagua kicheko changu kiwe mlango, nami nikambamiza nacho.

Tumekua tukiambiwa kwamba sale halikataliwi. Hakuna aliyewahi kutuambia afanyeje mtu aliyelikataa kwa bahati mbaya, mbele ya walimu, akapigwa na picha. Nadhani wazee hawakufikiria kwamba angezaliwa mtu mjinga kiasi hiki.

Nilipofika tu nyumbani, kabla hata ya kuvua viatu, nilimpigia. Alipokea mara moja. Nikaanza, "Kaka, kuhusu lile jani..." Hakunipa nafasi.

"Ah, achana nalo," akasema. "Nilikuwa natania. Si na wewe ulikuwa unatania?"

"Kaka, Aika ameniambia."

Nilisikia kuku nyuma yake, na mtu anamwaga maji. Kisha akasema, kwa ile sauti yake ya kufunga mkutano, "Aika ana maneno mengi kama wewe. Ulikuwa ni utani, mdogo wangu. Umefika salama? Haya, lala unono."

Akakata.

Ningeweza kuvumilia kama angenifokea. Neno nililolingoja tangu siku ile ya mashada lilikuja lenyewe, limetoka kaburini kwa mama, limesafiri ndani ya koti siku nzima. Sasa mwenyewe ameshalirudisha, na amelirudisha kwa kunilinda mimi. Amejifanya naye ni mchekeshaji ili nisionekane mjinga peke yangu. Maisha yangu yote nimejificha nyuma ya mzaha. Leo nimemlazimisha kaka yangu, mtu asiyejua kutania hata kidogo, aje ajifiche humo pamoja nami.

Nimemweleza Mama Glory yote, akiwa anamenya ndizi. Nilitaka aseme siyo kosa langu. Alisema, "Nenda kesho. Na ukifika, Baba Glory, nakuomba, nyamaza kwanza."

Hilo la kunyamaza ndilo linaloniogopesha. Naogopa kwamba nitafika mlangoni, atafungua, nitaona aibu iko usoni kwake na kwangu, na mdomo huu utafyatuka wenyewe kabla sijaushika. Sijui mtu aliyekosewa anaombaje radhi kwa aliyemkosea. Sijui kama mimi ndiye napaswa kubeba jani sasa, au kama nikilibeba yeye ataona namfanyia igizo lingine.

Na nikipita kaburini kwa mama kulikata, nitamwambia nini mama?

Kesho ni Jumapili. Kaka huwa anatoka misa ya kwanza mapema. Naondoka na gari la alfajiri.