Rege Zako Zimepona, Isipokuwa Wimbo Mmoja

Mpendwa Baba,

Nimechoka. Naanza na hilo, maana hukupenda mtu wa kuzungukazunguka.

Unakumbuka tulivyokaa tukihamishia santuri zako za rege kwenye kompyuta? Mimi nilitaka faili ndogo, zile za simu. Ukakataa. "Hizo zinakata sauti. Miye nataka yote iingie, hata mikwaruzo." Nilinuna, lakini nikafanya ulivyotaka, na besi ikatikisa mabati huku Mama akicheka jikoni.

Baada ya kukuzika, ziwa lilipanda. Hapa Rumonge maji yaliingia hadi sebuleni kwetu. Santuri ulizorudi nazo kutoka Tanzania ziliharibika zote, na diski tuliyohifadhia nyimbo niliikuta imelowa. Fundi aliifufua, ila nyimbo nyingi zilikuwa mbovu. Nikaanza kuzikagua. Programu husoma kila faili na kuniambia kama bado ni ileile tuliyohifadhi. Nyingine zilionekana nzima, kumbe katikati sauti inakwama. Umeme ukikatika, naanza upya. Mama akaniambia, "Acha, mwanangu. Hata yeye angeacha." Usingeacha, Baba.

Nakala ya pili ya nyimbo ulimpa Tonton Hamisi, ninayemwita hivyo kama ami yangu, rafiki yako wa Kabonga, kabla hamjagombana kwa ajili ya shamba la michikichi. Nilikwenda kwake nikiogopa kufukuzwa. Alinitazama sana.

"Una sura yake," akasema. "Ingia, mutoto wangu. Diski iko. Tangu tukosane sijaifungua."

Tukakaa tukichukua faili zake nzima na kuziweka mahali pa zangu mbovu. Zilikubali moja baada ya nyingine, isipokuwa wimbo mmoja, ule mliokuwa mkiucheza kambini, ukimbizini Tanzania. Kwake pia umekatika. Nikaupiga ili asikie mwenyewe. Besi ilipopotea, Tonton alifumba macho akaiimba kwa mdomo, taratibu, mpaka sauti iliporudi. Kisha akajifuta uso kwa kiganja.

"Sikuja kumuzika," akasema. "Niliona haya."

Nilimwambia tu aje, nimpeleke kaburini.

Jana alikuja, nikamleta kaburini kwako. Aling'oa majani, akaketi chini kando yako, na jua lilipokuwa kali nikamwambia twende. Akasema nitangulie.

Basi nilitangulia, Baba. Nilifika nyumbani nikalala mchana kweupe, kitu ambacho sijafanya tangu uondoke. Nawe pumzika.

Binti yako